Okidi Zangu Kwenye Mnada wa Mavuno

Nina hasira, na ninayemkasirikia ni mimi mwenyewe.

Mama mkwe kila siku aliniuliza sekondari ilinisaidia nini, nikaapa kumwonyesha. Nikapanda mbegu za maua ya okidi, laini kama unga, kwenye chupa ya jeli ya sukari, kama nilivyoona kwenye simu. Walisema chupa ichemshwe kwanza kuua vijidudu. Mtoto alikuwa analia, na mimi mjuaji nikaisuuza tu.

Kijani kilipotanda juu ya jeli nikatangazia kijiji kizima kwamba zimechipua. Siku ya mnada wa mavuno kanisani, wenzangu walileta ndizi na tangawizi. Nikawaonea huruma, washamba wale, nikaitanguliza chupa yangu mbele.

"Okidi za Mama Neema," mzee wa kanisa akanadi.

Mama mkwe akapandisha bei hadi wote wakanyamaza. "Huyo ni mkwe wangu," akawaambia wenzake. "Amesoma."

Alipokabidhiwa chupa akafungua kifuniko anuse. Vumbi la kijani likampanda puani, akapiga chafya mara tatu, akachungulia ndani, kisha akanigeukia mbele ya waumini wote.

"Mama Neema, kuvu hii uliipanda, au imejiotea yenyewe?"