Daktari alisema macho ni mazima, nikamkamata mdogo wangu kama mwongo

Wakuu, poleni na shughuli. Mimi ni mama mzee. Mjukuu ndiye alinifungulia hii account, lakini kuandika naandika mwenyewe, polepole. Niliishia Standard Three. Haya yalinipata mimi, na siongezi chumvi.

Jana member mmoja alisema binti yake haoni, madaktari hawapati kitu, na watu wanasema anaigiza. Siku hizi nachoka haraka, lakini hiyo sikuweza kuipita.

Mwanzoni mwa miaka ya hamsini, kabla ya Emergency ya Mau Mau, tuliishi kwenye shamba la mzungu upande wa Njoro. Baba alitangulia, mama akafuata. Nikabaki na wadogo watatu. Nilikuwa na miaka kumi na sita, na nilikuwa nimemwahidi mama kwamba hatutatawanyika.

Anayenifuata, Nyambura, tulichuma pareto pamoja, maua yaliyofunguka tu. Asubuhi moja alileta kikapu cha maua, vichipukizi na majani, vyote vimechanganyika.

Nyapara akamwuliza, "Wewe, unachumia mbuzi?"

Akasema haoni. Anaona ukungu mweupe tu.

Nilimpeleka hospitali Nakuru, nimemshika mkono njia nzima. Daktari akammulika, akasema macho ni mazima kabisa. Hakueleza zaidi. Tukarudi.

Hapo maneno yakaanza. Jirani yetu Mama Gathoni, kila nikipita: "Kipofu wenu leo ameuona ugali?"

Nyapara naye akasema asiyeona hana kazi shambani. Msimu ukiisha, Nyambura apelekwe kwa wamisheni wanaotunza vipofu. Mbali sana.

Mchana Nyambura alikuwa akikaa mlangoni kusuka kiondo. Nilidhani ni mikono tu imezoea. Siku moja nikakitazama vizuri. Kahawia, nyeupe, zambarau, tena kahawia, mzunguko baada ya mzunguko, bila kosa. Na nyuzi zote zilikuwa zimechanganyika mapajani pake.

Nikampokonya. Nikaita majirani.

"Kipofu gani anachagua rangi?"

Kuanzia siku hiyo Nyambura aliacha kusuka. Hata njia ya chooni, aliyokuwa akienda peke yake, akaanza kuipapasa.

Nikampeleka kwa dresa, mhudumu wa zahanati ya shamba, nia yangu ikiwa amgombeze. Alikuwa mzee mtulivu. Akanisikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo ulimkamata kama mwizi wa mahindi?"

"Ndiyo, mzee."

"Hukukamata mwizi. Ulipata habari njema, ukaitupa."

Akamgeukia Nyambura. "Msichana, najua hudanganyi. Macho yako yanaona, ila habari zake hazikufikii. Mikono inazipata kabla yako. Njia ipo, imefungwa tu. Itafunguka."

Nyambura akalia. Tangu augue, hakuna aliyekuwa amemwambia hadanganyi.

Nikauliza kama ni kwa sababu ya kifo cha mama. Dresa akasema hajui, na nisimchimbe. Nimpe kazi ndogo ndogo, nisimtegee mtego, na akiona kitu nikubali tu bila kupiga kelele.

Kazi ngumu ilikuwa kurudi kwa majirani kusema nilikosea. Mama Gathoni akasema, "Sasa mimi nitamcheka nani?" Lakini aliacha.

Uoni ulirudi vipande vipande. Mwanga wa moto kwanza. Kisha kuku mweupe. Kisha mimi.

"Umekonda," akaniambia.

Kabla ya msimu kuisha alikuwa amerudi kwenye pareto, na nyapara hakutaja wamisheni tena. Siku za uchovu ukungu ulirudi. Tulikaa, tukangoja, ukaondoka.

Leo madaktari wanaiita hali hii functional vision loss, yaani macho ni mazima ila mtu haoni. Member wangu, anza na daktari wa macho, usiruke hapo. Akisema macho ni mazima, muulize kama ni hii. Halafu usimvizie mtoto. Mimi nilikuwa nimechoka na nikiogopa, nikataka awe mwongo kwa sababu mwongo ni rahisi kumrekebisha.

Nyambura alizeeka akiona vizuri. Nusu ya wanawake wa Njoro walibeba viondo vyake. Lakini miaka yote hiyo, nikiingia kwake, alifunika kazi yake kwa leso mpaka nitoke. Sikumwuliza kwa nini.

Kama umeishi na mtu wa hivi, andika hapa chini ulifanya nini, hata kama ulikosea. Nitasoma zote, ila kujibu nitachelewa.