Macho ya Harlan

Coy Tuttle alirithi kwa baba yake namba arobaini na moja ya ubavuni mwa gari la mbio, na nafasi ya kushindana katika uwanja mdogo wa lami katika vilima vya Carolina Kaskazini, ambako kila Jumamosi magari hubanana mbavu huku watu wakila soseji na kuzomea. Akishinda, watu walisema ni damu ya baba yake, mzee Harlan. Akishindwa, lawama zilikuwa zake peke yake.

Dereva aliyefungwa mikanda na kuvaa helmeti haoni ubavuni. Humtegemea mtu aliyesimama juu ya paa la jukwaa, amwambie redioni nani yuko wapi. Kwa Coy, mtu huyo alikuwa Harlan. Mzee akisema "njia nyeupe", yaani hakuna gari ubavuni, Coy alikata kuingia upande huo bila kujiuliza. Tangu mama yake Coy afariki, paa lile ndilo pekee lililokuwa likimtoa mzee kitandani.

Mwezi Mei Harlan alisema njia nyeupe, kumbe si nyeupe. Coy akambamiza ukutani kijana aitwaye Tate Setzer, akamvunja mtulinga. Mama yake Tate alimfuata Coy mbele za watu akamwambia ana roho ya kuua. Harlan naye akamkaripia: hakumfundisha kuumiza watoto wa watu. Coy alimeza yote. Angesema macho ya mzee yanakufa, wenye uwanja wangemshusha paani siku hiyohiyo, na hilo lingemmaliza.

Jumamosi iliyofuata mzee akasema tena njia nyeupe. Coy akasita, na gari jekundu likachomoza palepale alipotaka kuingia. Nyumbani akamwambia baba yake kwamba anaacha kuendesha, mgongo unamsumbua.

"Sema tu moyo umekutoka," Harlan akasema.

"Umenitoka, Baba."

Uongo ule ulimchoma, lakini aliona kesi imekwisha. Bila dereva, mzee hana haja ya kupanda paani, na hakuna atakayejua kwa nini.

Mwezi Julai Harlan aliegesha gari lake nje ya gereji alimokuwa Coy, akaingia na redio shingoni, uso umechangamka kama zamani. Alikuwa ametoka kwa akina Setzer. Tate amepona na anarudi uwanjani, ila hana mtu wa kumwangalizia.

"Nimewaambia nitapanda mimi," akasema. "Angalau mmoja wetu aifute ile aibu uliyotuletea."

Coy akaweka spana chini. Alitamani sana mzee abaki na furaha ile, lakini akamwona Tate ukutani tena.

"Baba, siku ile ya Tate wewe ndiye uliyesema njia nyeupe."

"Ilikuwa nyeupe."

"Haikuwa. Na wiki ya pili haikuwa. Nilinyamaza kwa ajili yako."

Harlan akageukia mlangoni, akakikodolea macho kibao cha duka la ng'ambo ya barabara, midomo ikimcheza kama mtoto anayejifunza kusoma. Akafumba macho, akayafumbua, akajaribu tena. Kisha akatoa funguo za gari mfukoni na kumpa mwanawe.

"Nipeleke kwa mama yake Tate," akasema. "Nitamwambia mwenyewe."