Miaka Saba Niliyompa Minza

Siku yangu ya kwanza kazini niliulizwa swali kabla sijauliza langu hata moja. Ilikuwa asubuhi, kijiji kimoja cha upande wa Songwa, wilaya ya Kishapu, na mimi nimeshika dodoso jipya linalonukia wino. Dodoso ni yale makaratasi ya maswali. Siku hizi limo ndani ya kishikwambi, lakini wakati wetu lilikuwa kitabu kizima, unakibeba kwenye mfuko wa turubai pamoja na penseli, kifutio na chupa ya maji. Mwanamke wa kaya ile alinipa kigoda, tukasalimiana kwa Kisukuma, kisha akaniuliza mimi ni mama nani.

Nilimjibu kwamba bado sijajaliwa. Nilikuwa na miaka ishirini na sita, nimeolewa mwaka wa nne. Alinitazama, akatazama dodoso, na tangu hapo akanijibu kwa neno moja moja. Watoto watatu. Waliofariki hakuna. Kwenye kamba nyuma yake zilikuwa zimeanikwa nguo za watoto watano au sita wa vimo tofauti.

Msimamizi wa Timu alikuwa mwalimu mstaafu, mtu wa kunyoosha kila kitu, hata mstari wa penseli. Alipitia karatasi zangu mchana ule akaniita pembeni.

"Huku mwanamke hamsimulii habari za tumbo lake mtu ambaye tumbo lake halijui kitu," alisema. "Kesho uwe mama wa mtu. Chagua jina, uchague na umri, usije ukababaika."

Nikachagua Limi, ambalo kwa Kisukuma ni jua, nikampa mwaka mmoja na nusu. Msimamizi aliridhika kama mtu aliyempa mfanyakazi wake viatu vya kazi. Na kweli, kesho yake milango ilifunguka. Niliitwa Mama Limi, nikapewa viazi vya kuchemsha, nikaambiwa mambo ambayo wanawake wale hawakuwahi kuwaambia waume zao. Simlaumu yeye peke yake. Mimi ndiye niliyelipenda lile jina.

Vijana mnaotaka kujua kazi ilikuwaje, ilikuwa hivi. Unaanza na kaya, yaani watu wanaokula chungu kimoja, si lazima walale nyumba moja. Ukishawaandika wote unawatafuta wanawake walio kwenye umri wa kuzaa, kuanzia miaka kumi na mitano hadi arobaini na tisa, na kila mmoja unamchukulia historia ya uzazi: mtoto wa kwanza, wa pili, mpaka wa mwisho, walio hai na waliokufa. Sheria ilikuwa moja kwa wote, kwamba aliyelia hata mara moja amezaliwa hai, aandikwe. Nimeona akina mama wakikaa kimya muda mrefu wakijaribu kukumbuka kama mtoto wa miaka kumi na minane iliyopita alilia au hakulia. Tarehe hazikujulikana, kwa hiyo tulitumia kalenda ya matukio. Unamuuliza kama alizaa kabla ya mwaka wa njaa au baada yake, kabla ya barabara au baada, kisha unakadiria.

Huko ofisini majibu yote yanachanganywa, inapatikana namba moja inayoitwa kiwango cha uzazi: watoto ambao mwanamke angezaa kama angemaliza umri wake wote wa kuzaa akiishi kama wenzake. Mama wa watoto kumi na mmoja anamfunika asiye na hata mmoja, na wote mnatoka na wastani mzuri. Kwa hesabu hiyo hata mimi nilikuwa nao watano au sita, kwenye karatasi.

Kulikuwa na neno moja kwenye dodoso ambalo nililichukia tangu mafunzo. Ukimuuliza mwanamke kama amewahi kuzaa, akasema hapana, pembeni palikuwa na mshale na neno "ruka". Unaruka kurasa zote za uzazi, unakwenda kwenye maswali ya choo na bati la nyumba. Mwenye watoto wengi alichukua saa nzima. Asiye na mtoto alimalizika kabla chai haijapoa.

Ndivyo nilivyokutana na Minza. Nilikuwa nimehamishiwa Kahama, nikiwa sasa mdadisi mwandamizi, yaani nafanya kazi ileile lakini wakikosea wengine nasemwa mimi. Kaya yao ilikuwa nje ya mji, kwenye majaruba ya mpunga. Minza alikuwa msichana wa miaka ishirini na mbili hivi, mke wa mtoto mkubwa wa nyumba ile, ametolewa ng'ombe wengi wa mahari na mwaka wa tatu ulikuwa unakwisha bila mimba. Nilimuuliza swali, akasema hapana, nikaruka. Nilipofunga kitabu akaniuliza mbona mama mkwe wake nimekaa naye mpaka jua limepanda, na yeye nimemaliza upesi hivi. Nilimwambia maswali yake yamekwisha.

Alinisindikiza hadi kwenye tuta jembamba la majaruba, akahakikisha hakuna mtu karibu.

"Mama Limi, na wewe ulikaa muda gani ndipo ukampata Limi?"

Ningeweza kumwambia. Palikuwa na maji pande zote na ndege tu. Lakini ile huruma ya kijinga ilinipanda, ile ya kumpa mtu kitu kwa sababu huna cha kumpa, nikasema nilikaa miaka saba. Akauliza nilitumia dawa gani. Nikasema sikutumia kitu, nilisubiri tu na Mungu akafungua. Uso wake ulibadilika kabisa. Nilirudi mjini nikiwa nimefurahi, nakiri, kama mtu aliyetoa sadaka.

Kwangu mwenyewe wakati huo mambo yalikuwa yameshaharibika. Wifi yangu alikuwa ameshanitolea ule usemi wa uchungu wa mwana aujuaye mzazi, mbele ya wageni, kwa sababu tu nilimkanya mwanawe. Mume wangu alioa mke wa pili, akapata naye watoto wanne kwa mfululizo, na mimi nikiwa safarini nikiandika wa watu wengine. Sikumchukia. Niliwachukia watoto kwa muda fulani, na hilo ndilo linaloniuma.

Limi naye alikuwa anakua. Mdadisi mzuri anajua kwamba majibu yakipishana kati ya mzunguko mmoja wa mahojiano na mwingine, dodoso linarudishwa. Kwa hiyo nilikuwa na ukurasa wa nyuma kwenye daftari langu: Limi ameota meno, Limi ameanza shule, Limi amevunjika mkono, amepona. Nilimfanyia uhakiki kuliko kaya yoyote. Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilipita wilaya nne.

Tulirudi kwenye kijiji cha Minza kila mwaka. Mwaka uliofuata aliniambia, akicheka, kwamba bado mitatu. Mwaka wa baada ya huo nikakuta mke mwenza ndani ya nyumba kubwa na yeye anapikia kibandani, lakini alinong'ona, "Bado miwili, mama." Nilisikia. Nikaandika namba ya kaya, nikaruka, nikaenda.

Katikati ya hapo ndipo alipokuja Mshauri kutoka Ulaya. Mratibu wa Mradi alituita wote kwenye ukumbi, sisi wadadisi tukapangwa viti vya nyuma. Mshauri alionyesha ukutani mistari ya uzazi ya nchi za dunia. Ya kwao ilikuwa imeshuka mpaka mwanamke hafikishi watoto wawili, shule zinafungwa kwa kukosa wanafunzi, serikali inawapa watu fedha wazae na bado hawazai. Nchi nyingine za Asia zilikuwa chini zaidi. Ya kwetu ilining'inia juu, na ndani ya nchi yetu mikoa hii ya Shinyanga na Geita ilikuwa juu ya wenzake. Mratibu alicheka akasema Wasukuma wanatuangusha. Nilifikiria kwamba wanawake wa kule wanabembelezwa na wa huku wanasemwa, na ni tumbo lilelile.

Nikanyanyua mkono. Niliuliza kwenye ile mistari yupo wapi mwanamke anayetaka mtoto na hapati. Mshauri aliinamia karatasi zake, akasema ni swali zuri, kwao wengi hawazai kwa hiari na hata jirani hawaulizi. Mratibu ndiye aliyelimaliza.

"Hao hawatusumbui," alisema. "Tatizo letu ni wanaozaa."

Ukumbi ulicheka. Nilikaa. Laiti ningekuwa mtu, ningesimama tena nikawaambia mimi ni mmoja wa hao, mnanilipa mshahara na mnaniita Mama Limi. Badala yake nilikunywa soda yangu.

Mwaka wa saba wa ndoa yake nilipofika kwenye majaruba yale Minza hakuwepo. Mama mkwe wake alisema amehama. Kwenye dodoso hilo lina alama yake: amehama, sababu, aliko. Sababu akasema hajui. Aliko hajui. Mke mwenza alikuwa amekaa mlangoni na mtoto wa pili mgongoni, ameangalia chini. Niliandika alama, kaya ikafungwa vizuri.

Kituo changu cha mwisho kilikuwa ukanda wa dhahabu, vijiji vilivyo karibu na Bulyanhulu. Kule kazi ilikuwa ngumu kwa sababu watu hawatulii. Dhahabu ikitema Geita, yaani ikipatikana kwa wingi, kesho kaya nzima haipo. Siku moja bodaboda alinishusha kwenye makarasha, zile mashine za kusaga mawe, nikawa natafuta kaya inayouza chakula kwa wachimbaji. Mwanamke aliyekuwa anasonga ugali kwenye sufuria kubwa aligeuka. Mikono ilikuwa imekakamaa na nywele zimejaa vumbi la mawe, lakini nilimjua, na yeye alinijua kabla yangu.

"Shikamoo, Mama Limi."

"Marahaba, Minza."

"Limi hajambo?"

Nikasema hajambo. Lilitoka lenyewe, kwa mazoea. Akasema atakuwa mkubwa sasa, nikasema mkubwa, karibu ataolewa. Akaniambia nisiondoke kijijini bila kumuaga.

Kesho yake nilikwenda kumuaga. Alikuwa amekunja kitenge kipya, cha rangi ya kahawia na maua meupe, ametoa kwenye akiba ya mikono ile. "Mpelekee mwanangu," alisema. "Mwambie kimetoka kwa mama yake mdogo. Yeye ndiye aliyenipa moyo mahali pale."

Niliona siwezi kukipokea. Nilimwambia palepale, tumesimama, watu wanakula. Nilimwambia Limi hayupo, hakuzaliwa, miaka saba niliitunga mimi kwenye tuta kwa sababu nilimwonea huruma. Na kwamba mimi mwenyewe sijawahi kushika mimba hata ya mwezi mmoja.

Hakulia wala hakunitukana. Alikiweka kitenge juu ya gunia la unga, akakinyoosha kona.

"Kaka zangu walikuja kunichukua mwaka ule wa nne," alisema. "Walikuja na mkokoteni, na baba alikuwa amekubali kurudisha ng'ombe. Niliwafukuza. Niliwaambia kuna mama anakuja na vitabu, alisubiri saba akapata. Mama yangu alikufa mwaka wa sita na hawakuniita, walisema nimewachagua wale." Akasukuma kuni chini ya sufuria. "Ungeniambia huna, ningejua mtu anaweza kukosa na bado akatembea na mfuko wake, akala mshahara wake. Hilo tu ningelijua, ningepanda mkokoteni."

Kisha alichota maji akaninawisha, akanipakulia ugali na dagaa, kwa sababu kwao mgeni haondoki na njaa. Nilikula chote. Alisimama pembeni mpaka nilipomaliza, akachukua sahani, akarudi kwenye sufuria. Sijamwona tena. Nilirudi mara mbili, wakaniambia amekwenda kwenye machimbo mengine, na hakuna aliyejua ni yapi.

Nilistaafu kwa keki na cheti. Kwenye hotuba Mratibu mpya, kijana mwenye adabu, alisema nimehesabu maelfu ya watoto wa kanda hii bila kosa. Nilimshukuru. Mume wangu ameshafariki, wale watoto wanne wananiita mama mkubwa na wawili kati yao hunitembelea, na wakija nafurahi kweli. Nimesoma kwamba mistari ya dunia inaendelea kushuka kila mahali, hata kwetu polepole. Watafurahi kule ofisini, na wale wa Ulaya watazidi kuogopa. Sina la kuwaambia wao.

Nina la kuwaambia nyinyi mnaokwenda sasa na vishikwambi. Mtafundishwa kuuliza kwa sauti ya kawaida, kutohukumu, kutofunua siri za kaya. Ni mafunzo mazuri, yashikeni. Lakini mtakaa kwenye vigoda vya watu, na wao watawauliza nyinyi mna wangapi, na mtaona jibu zuri likija mdomoni lenyewe. Kataeni. Semeni lililopo, hata kama watawajibu kwa neno moja moja na dodoso lote litarudishwa. Mimi sikuzaa.