Barua ya Kuthibitisha Ufukara

Niseme mapema kwa wasionijua: nina diploma ya uhandisi wa maji, na niliifuata India kwa miguu yangu, wala haikuja kwa posta. Karo ya sekondari niliichoma mwenyewe, tofali kwa tofali, na nauli ya ndege ikatoka kwenye tanuri lilelile. Hakuna mjomba aliyenishika mkono. Niliporudi kwetu Matinyani, miaka ya mwanzo ya tisini, niliitundika diploma hiyo sebuleni kwa mama, ndani ya fremu ya kioo, mahali ambapo hata aliyekuja kuomba chumvi angeiona kabla ya chumvi.

Mradi wa maji ulionirudisha nyumbani ulifungwa kabla bomba la kwanza halijalowa. Hilo sikulitangaza. Kila asubuhi nilivaa tai, nikabeba mkoba, nikaenda kuketi katika mkahawa mmoja mjini Kitui hadi saa kumi, nikisoma gazeti la jana kwa makini ya mtu anayelipwa.

Wakati huo serikali ilikuwa imegundua kwamba tunaugua kupita kiasi kwa sababu dawa ni za bure. Tukaambiwa tugawane gharama. Mama, mjane mwenye presha na sukari, akagawana: leo alimeza kidonge, kesho akameza maji matupu. Miguu ikaanza kuvimba.

Lakini serikali haikosi huruma. Maskini wa kweli waliwekewa msamaha. Ili uwe maskini wa kweli ulihitaji barua ya naibu chifu yenye muhuri, kisha mahojiano na afisa wa jamii hospitalini. Maskini asiye na muhuri alikuwa anajifanya tu.

Barua ya mama ilipatikana bila shida, maana mbuzi wake wawili walijulikana kwa sura. Njiani nikamfundisha.

"Mwaitu, akikuuliza kama una mtoto wa kukusaidia, sema huna."

"Niseme nilizaa mawe?"

"Sema basi yuko mbali."

"Na wewe utakuwa umeketi hapo hapo."

Ningebaki nje, mambo yangekwisha. Lakini mtu wa diploma hawezi kumwacha mamake aingie peke yake na fomu. Nikaingia, na tai yangu, na mkoba wangu.

Afisa alikuwa msichana mpole. Aliviangalia viatu vyangu, akaviangalia vya mama.

"Mama, kuna mtoto anayekusaidia?"

Mama akajinyoosha, akakaza leso kiunoni. "Yuko. Ni huyu. Amesoma India. Maji yote ya Ukambani yako mikononi mwake."

"Hongera, mama," afisa akasema, akapiga mstari kwenye fomu. Kisha akanigeukia mimi: kama mtoto naye hana uwezo, naibu chifu aandike hivyo.

"Tulikubaliana nini?" nilimuuliza mama tulipotoka.

"Ulimi ulikataa kukukana." Alipumzika mara tatu kabla hatujafika stendi.

Mimi na naibu chifu tuliwahi kuketi dawati moja shule ya msingi, naye alikuwa akinakili hesabu zangu. Alinipokea kwa heshima zote.

"Mhandisi. Kiti hiki kitakufaa, au tutafute cha India?"

"Nataka barua nyingine."

"Ya nani?"

"Yangu. Kwamba sina uwezo."

"Lakini mimi nakuona kila asubuhi ukienda kazini."

"Naenda kusoma gazeti."

"Sema polepole, karani anaandika."

Nilisema polepole. Karani alikuwa na mwandiko wa kuku aliyekanyaga majivu, kwa hiyo nikamwomba kalamu, nikaandika barua yote mwenyewe. Sikuwa tayari umaskini wangu uandikwe vibaya.

Mama akapata dawa, na miguu ikaanza kupungua. Kwa kuwa hakujua kusoma, aliniuliza barua ilisema nini.

"Inasema mtu wa diploma, mamake hupewa dawa bure."

Kumbe naye akayasema hayo hayo kanisani. Wiki iliyofuata wanawake watatu walikuja kwetu na vyeti vya watoto wao vimefungwa kwenye leso. Naibu chifu ndiye aliyewaelekeza kwangu, kwa furaha kubwa, sina shaka. Wakaketi chini ya fremu yangu. Jirani yetu mwenye pumu akafungua leso, akanikabidhi cheti cha darasa la nane cha kijana wake.

"Hiki kitatosha dawa ya kifua?"

Mama alikuwa akimimina chai. Yule mwanamke alikuwa akivuta pumzi kama anayeteka maji kisima kirefu. Nikalegeza tai.

"Haikuwa diploma," nikasema. "Barua ilisema sina kazi, na sina uwezo wa kumnunulia mama dawa."

Mama hakumwaga hata tone. "Hilo tunalijua," akasema. "Mtu wa maji hurudi jioni na matope. Wewe viatu vyako vinang'aa tangu Januari."

"Basi tuandikie na sisi," akasema mwenye pumu. "Mimi mbuzi wangu ni mmoja."

Nikaandika barua tatu jioni ile, kila moja na mbuzi wake. Naibu chifu, akizigonga muhuri, alisema hajawahi kupata mafukara wenye mwandiko mzuri namna hiyo. Nikamwambia hayo ndiyo matunda ya elimu. Diploma haikushuka ukutani.