Minyaa ya Kaburi la Mama

Juzi jirani yangu hapa Mbalizi, Mama Sekela, alikuwa anapunguza minyaa ya uani kwake. Utomvu wake mweupe una harufu chungu, kama dawa ya mitishamba iliyochemshwa ikasahaulika jikoni. Harufu ilipita dirishani, nikaketi chini na sinia langu la maharage. Wanangu, niliirudia siku ya lori.

Tulikuwa tunakaa bondeni Usangu, ng'ambo ya Chimala: sisi, kina Mzee Kikoti, kina Mgaya, na Mama Filomena mwenye kuku wengi. Tukaambiwa tuhamie kijiji cha pamoja, kando ya barabara. Nyumba zimeshaezuliwa, lori linanguruma, na kaka yangu Anselmi, mvulana wa darasa la sita, amekumbatia minyaa iliyozunguka kaburi la mama yetu, Yustina. Hataki kupanda. Mgambo mmoja akaanza kufungua mkanda wake.

Baba yetu, Gaudensi, hakupiga kelele. Alichukua panga akaikata minyaa yote, na visiki akaving'oa kwa jembe.

"Gaudensi, unahamisha fensi ya marehemu?" Mzee Kikoti akamuuliza.

"Nahamisha mwenye fensi. Anselmi, mbebe mama yako."

Anselmi akabeba mzigo wote begani, macho yamevimba kwa utomvu, akapanda. Mimi nilikaa kati ya mbuzi na kuku wa Mama Filomena, namsukuma mbuzi asimkanyage mama. Kule kijijini tukaipanda nyuma ya nyumba, ikashika. Kila asubuhi mimi na Anselmi tulikwenda kumwamkia. Jino langu lilipong'oka nilimwonyesha.

Mimi niliishia darasa la nne. Anselmi alisoma Iringa, akaenda mpaka Ulaya, akaja kuwa profesa wa jiografia ya kihistoria. "Agata, ni kujua watu walikaa wapi kabla ya kukaa walipo," alinieleza, mdomo umejaa ugali wangu. Aliwapeleka wanafunzi porini, toka Kalenga mpaka huku kwetu, akawafundisha kwamba minyaa ikisimama mstari pasipo nyumba, hapo palikuwa na boma, au pana mtu amelala. Watu wengi aliwaonyesha makaburi ya babu zao. La mama alilitafuta kila likizo, miaka yote ya kazi, asilipate.

Alipostaafu, figo zikaanza kumwacha. Akaja kunichukua.

"Nataka nilazwe pembeni ya mama," alisema. "Twende tukajaribu wote wawili."

Bondeni kwetu tulikuta majaruba ya mpunga mpaka macho yanapoishia. Mwenye shamba, Masanja, Msukuma mcheshi, alituamkia vizuri.

"Minyaa? Mzee wangu, baba alipofika hapa na ng'ombe zake alikuta nyasi tupu. Trekta limepita mpaka lenyewe limechoka. Mngekuja kutafuta mpunga ningewapa gunia!"

Nilicheka. Anselmi hakucheka. Alisimama kwenye tope, suruali kaikunja magotini, akaangalia chini muda mrefu.

"Mwanafunzi wangu akiletwa hapa," alisema, "ataandika hapajawahi kukaa mtu. Nami nitampa maksi zote."

Nikamshika mkono tuondoke.

"Alama niliibeba mimi, Agata."

Nikamwambia aliyekata ni baba, yeye alikuwa mtoto.

Tangu hapo nawaza sana juu ya baba. Utotoni niliamini kabisa kwamba alimhamisha mama. Lakini yeye hakuwahi kuiamkia ile minyaa, hata siku moja. Alipita kando yake akienda chooni, kichwa kainamisha. Alijua Yustina kabaki bondeni, na alijua anakata nini. Alikuwa na mtoto wa kumpandisha lorini kabla mkanda haujamfikia, basi. Hilo nimelielewa wakati hakuna tena wa kumwambia.

Anselmi tulimzika Iringa, makaburi ya mjini. Kulia kwake yupo mwalimu mmoja. Kushoto palikuwa wazi, nikawa nimepawekea moyo nilazwe mimi. Mwezi uliopita nimepigiwa simu kwamba wameshamweka mtu.