Maua Meupe ya Nyambura

Nilipokuwa na miaka tisa niliua mmea kwa kidole. Ndivyo nilivyoamini, na niliendelea kuamini kwa miaka kumi na miwili, mimi ambaye kwenye midahalo ya chuo huwaambia watu walete ushahidi au wakae chini.

Tulikuwa tunakaa Champlin, kule Minnesota, karibu na mto. Mwaka ule Shosho, mama yake mama yangu, alikuja kutoka Nyeri kwa viza ya miezi sita, na alikuja na binamu yangu Nyambura, mwenye miaka kumi. Baba yake Nyambura, mjomba wangu, alikuwa ametangulia huku na alifanya shifti mbili katika nyumba za kutunzia wazee, kwa hiyo Nyambura alipewa kitanda cha pili chumbani kwangu. Mama yake alibaki Nyeri akisubiri makaratasi. Hilo nililijua kama nilivyojua kwamba Nyeri kuna mlima: jambo la kweli, la mbali, lisilonihusu.

Kilichonihusu ni jina. Kwetu Wakikuyu binti wa kwanza hupewa jina la mama wa baba yake. Nyambura alikuwa binti wa kwanza wa mjomba, kwa hiyo alichukua jina la Shosho. Mimi niliitwa Wairimu, jina la bibi wa upande wa baba, aliyefariki kabla sijazaliwa. Kama mama angezaa msichana wa pili, huyo ndiye angepata jina la Shosho. Hakuzaa. Hivyo Shosho, niliyemsubiri tangu nijue kusubiri, alipotua uwanja wa ndege alinikumbatia vizuri kabisa, kisha akageuka nyuma: "Wajina wangu yuko wapi? Wajina, shika mkoba huu."

Wajina asubuhi, wajina mchana. Mimi nilikuwa Wairimu tu.

Mwezi wa tano jirani yetu, mama mzee Mzungu aliyependa kuchimbachimba, alitupa kipande cha mzizi wa mmea unaotambaa. Aliuita klematisi, akasema ni wa asili ya Minnesota, si wa kununuliwa dukani, na kwamba mwezi wa nane ungefunika fensi yetu ya waya kwa maua meupe madogo. Shosho aliposhika jani moja, akaona jinsi kikonyo chake kilivyojizungusha kwenye kijiti, alicheka kwa sauti.

"Huu naujua! Kwetu unapanda miti kando ya mto. Umefikaje huku kabla yangu?"

"Labda wenyewe ulipewa viza ya miaka mingi," Nyambura akasema.

Shosho alicheka mpaka akashika goti. Mama alicheka. Mimi niliuelewa ule mzaha vizuri sana, na hapo ndipo uchungu ulipokuwa: niliuelewa lakini nisingeweza kuutunga. Kiswahili changu kilikuwa cha kusikiliza. Mdomoni kilitoka Kiingereza.

Siku hiyo hiyo Shosho alitoa hukumu. "Huu utakuwa wa wajina wangu. Ana mkono wa kupanda."

Mzizi tulipewa sisi. Fensi ilikuwa yetu. Hata mpira wa kumwagilia ulikuwa wetu. Lakini mmea ukawa wa Nyambura, na kila asubuhi nilimwona kupitia dirisha la jikoni amechuchumaa pale, akiuelekeza mche kwenye waya, na Shosho amekaa nyuma yake kwenye kiti cha plastiki akimsuka.

Mwanzoni mwa mwezi wa nane matumba yalitokea, kijani kibichi, madogo kama njegere. Shosho alituita sote wawili.

"Sikizeni. Tumba halinyooshewi kidole. Hata boga changa, ukilinyooshea kidole linaoza. Ukitaka kumwonyesha mtu, unakunja hivi." Akakunja kidole cha shahada, akaonyesha kwa kifundo.

Nyambura alikwisha kunja chake kabla Shosho hajamaliza. Alilijua hilo tangu Nyeri.

"Kwani kidole kina nini?" niliuliza, kwa Kiingereza changu. "Nani amejaribu akaona?"

"Wairimu, wacha ubishi," mama akasema.

"Mwache," Shosho akasema. "Huyu atakuwa wakili. Wa kuwashtaki wazee."

Wote walicheka tena. Mimi nilikuwa nimeuliza swali la maana, na mpaka leo nasema lilikuwa swali la maana.

Wiki hiyo akina mama wa kanisani walikuja kumsalimia Shosho. Aliwatoa nje kuwaonyesha mmea, mkono wake ukiwa begani kwa Nyambura. "Huyu ni mimi," aliwaambia. Mmoja wao akanitazama mimi niliyebeba trei ya chai. "Na huyu mrembo?"

"Huyu ni wa kwa akina baba yake."

Hakusema kwa ubaya. Ni kweli, kwa mpango wa majina nilikuwa wa kwa akina baba yangu. Lakini trei ilikuwa nzito, na mimi ndiye niliyepika ile chai.

Jumamosi iliyofuata mjomba alikuja kuwachukua Shosho na Nyambura waende Maple Grove kununua viatu vya shule. Gari lilikuwa na nafasi. Nilisimama mlangoni nimeshavaa. "Wewe una viatu," Shosho akaniambia, akanipapasa shavu, wakaondoka. Mama, ambaye ni nesi, alikuwa amelala baada ya shifti.

Nilienda moja kwa moja kwenye fensi. Saa sita mchana, jua linawaka, hakuna kilichonificha. Nilinyoosha kidole, nikanyoosha hasa, mpaka kikauma, na nikaanzia chini. Wewe. Na wewe. Na wewe. Sikuruka tumba hata moja. Yale ya juu niliyafikia kwa kupanda kwenye kile kiti cha plastiki cha Shosho. Nilipomaliza nilirudi ndani nikala ndizi, na moyo wangu ulikuwa mwepesi kama wa mtu aliyetoka kuoga.

Jumanne majani yalianza kujikunja. Alhamisi mashina yalikuwa yamejipinda kama waya uliopita motoni, na matumba yamegeuka kahawia. Nilishindwa kula. Nilikuwa nimeuliza kidole kina nini, na hapa nikawa nimejibiwa.

Alasiri hiyo Shosho alitusimamisha mbele ya fensi. Baba alikuwepo pia, akamsalimia Shosho kwa heshima zake zote za mkwe, kisha akaingia gereji.

"Nani ameunyooshea kidole?"

Nilimtazama machoni. Nilikuwa nimeshaandaa utetezi wangu, kwa Kiingereza, wenye sehemu tatu.

"Ni mimi, Shosho," Nyambura akasema. Alikuwa tayari analia. "Nilisahau. Nilikuwa namwonyesha Mama kwenye simu. Alisema hayaoni, nikamwonyesha hivi." Akanyoosha kidole, akashtuka, akakificha nyuma ya mgongo.

Shosho hakumpiga wala hakumkaripia. Alisema, "Haya, Nyambura." Nyambura tu. Neno wajina halikuwepo. Halafu akanigeukia mimi. "Wairimu, njoo unisaidie kuung'oa."

Ningeweza kusema. Mdomo ulikuwa wangu. Niliinama nikashika shina, tukavuta pamoja, mimi na Shosho, na mzizi ulipotoka alisema nina nguvu.

Sasa niwaambie sehemu ambayo watu hawapendi kuisikia katika hadithi za namna hii: nilifurahi. Kwa wiki tisa zilizobaki za viza yake nilikuwa naye. Alinisuka. Tulitembea mpaka mtoni, akanifundisha kuhesabu kwa Kikuyu, akacheka mizaha yangu mibovu. Nyambura alikuwa akikaa ngazini na simu. Mwezi wa kumi mjomba alipata nyumba Saint Paul, akamchukua mwanawe, na Shosho akarudi Nyeri. Hakuja tena. Alifariki nikiwa na miaka kumi na mitatu.

Kiangazi kilichopita nilikuwa nyumbani likizo. Baba alipata barua kutoka kwa chama cha wenye nyumba cha mtaa, kwamba uwanja wetu wa nyasi umejaa magugu. Aliisoma akacheka.

"Barua kama hii ndiyo iliyoniponza wakati ule wa mama mkwe. Nilinyunyiza dawa ya magugu kando ya fensi yote, upepo ukaipeleka kwenye ule mmea wake."

"Baba. Ulijua?"

"Si niliona majani yamejipinda! Lakini ningemwambiaje? Mama mkwe? Mtu humwambia mkwe wake kwamba amemwagia sumu shamba lake?"

Nilimfokea baba yangu kama ninavyowafokea wapinzani. Nilimwambia kwamba mtoto alibeba kosa lake kwa sababu yeye aliona haya. Alinisikiliza, kisha akasema kwa upole, "Sikujua kuna mtoto aliyebeba. Wewe ulijua?"

Nilichukua gari mpaka Frogtown, mtaa wa Saint Paul, Nyambura anakopanga chumba juu ya duka la vitambaa. Nilimweleza yote kuhusu dawa, kwa Kiswahili, maana siku hizi ninacho. Alicheka mpaka akajifuta macho.

"Ai, Wairimu. Kumbe nilinyimwa uwajina bure!"

Ningeweza kuishia hapo. Nilikuwa nimeleta habari njema na ningeondoka nimeshukuriwa.

"Na mimi niliyanyooshea kidole yale matumba," nikasema. "Yote. Makusudi. Halafu nikakuacha useme ni wewe."

Chini mtu alikuwa akivuta lango la chuma la duka.

"Ulinichukia hivyo?"

"Nilitaka kuwa wewe."

"Mimi?" Alinitazama kana kwamba nimetukana. "Mama yako alikuwa akirudi kazini, hata amechoka vipi, anaingia chumbani anakufunika. Kitanda chako kwanza. Mimi najifanya nimelala. Wa kwangu alikuwa kwenye simu, Wairimu, miaka mitatu kwenye simu. Niliyekuwa naye hapa ni Shosho peke yake."

Nimezoea kuwa na la kujibu, hata nikiwa upande usio wa haki, hasa nikiwa upande usio wa haki. Nikabaki nimeshika ufunguo wa gari. Aliinuka akaweka maji ya chai, hakuniambia nikae na hakuniambia niende.

Dawa ndiyo iliyoua mmea, hilo halina ubishi tena. Lakini dawa haikumchukua Shosho kutoka kwa mtoto asiye na mama karibu. Nilimchukua mimi, kwa kunyamaza, na kwa wiki tisa nililala usingizi mzito, kitanda changu kikiwa hatua mbili kutoka cha Nyambura.