Tulivyoliwahi Jua la Ijumaa

Kuna harufu moja ambayo ikinipata mimi husimama popote nilipo: petroli iliyochanganyika na vumbi la moto na viti vya plastiki vilivyopigwa na jua kutwa. Juzi nilikuwa napita karibu na gereji moja hapa Homa Bay, kijana akiosha plagi ndani ya kopo lililokatwa, upepo ukaniletea harufu hiyo. Nikasimama kama mtu aliyeitwa jina. Kijana akaniangalia, akauliza, "Mathe, uko na shida ya gari?" Nikamwambia sina shida yoyote, nikaendelea kusimama. Ningemwelezaje kwamba wakati huo nilikuwa mtoto tena, nimekaa kiti cha mbele, na baba yuko kando yangu, jicho moja kwa barabara na la pili kwa jua?

Sisi tulikuwa familia ya siku mbili kwa wiki. Mama alikuwa muuguzi katika kituo cha afya huko Rangwe. Baba alikuwa na duka la mahindi na mbegu mjini Migori, na mimi, mtoto wao wa pekee, niliishi na baba kwa sababu shule yangu ilikuwa Migori na zamu za mama hazikuwa na adabu. Kuanzia Jumatatu hadi Alhamisi nilikula ugali wa baba, ambao ulikuwa mgumu upande mmoja na mbichi upande wa pili, nikiingoja Ijumaa kama watoto wengine wanavyoingoja Krismasi.

Sasa, sisi ni Waadventista, na baba alikuwa Mwadventista wa mtindo wa zamani. Sabato huanza Ijumaa jua linapozama, na likishazama baba hakuwa mtu wa safari tena. Waumini wengine waliendesha magari yao Sabato bila wasiwasi, hata wazee wa kanisa. Baba hakuwahukumu. Ila kwake yeye, safari iliyoanza siku ya kazi ilipaswa kuishia siku ya kazi. Jua likimkuta njiani, anaegesha.

Na siku moja lilitukuta. Wakati huo tulisafiri kwa pikapu ya duka, ile ile iliyobeba magunia juma zima, na Ijumaa hiyo ikachemka karibu na Rongo. Tulingoja ipoe, tukaitia maji, ikachemka tena. Baba akatazama magharibi, akatazama saa yake, kisha akaikokota ile pikapu hadi kwa boma la muumini mwenzetu na kupiga hodi. Tulipokewa vizuri mno. Tuliimba, tukaomba, tukapewa kuku. Mimi nikalala kwenye mkeka wa watu nikilia kwa kujificha, maana mama hakuwa mbali na pale, na alikuwa amepika. Tulipofika Rangwe baada ya Sabato kwisha, alikuwa ameshaingia zamu. Nilimwona Jumapili kwa muda wa chai tu.

Nilipokuwa nikipanda gari kurudi Migori nilimwambia baba, "Hii pikapu haitaki tumwone mama." Alikuwa mtu wa kujibu kwa kazi ya mikono, si kwa maneno.

Haukupita muda mrefu, akaenda Kegonga kununua mahindi, akanichukua kwa sababu shule zilikuwa zimefungwa. Kegonga ni juu milimani, kwa Wakuria, kuna baridi ya asubuhi inayokufanya utafute mifuko ya sweta. Nyuma ya ghala la mkulima mmoja, Mzee Marwa, kulikuwa na gari lililofunikwa kwa turubai. Kuku walikuwa wametaga kwenye kiti cha nyuma. Lilikuwa 160J, sedani ya Kijapani ya zamani, ile yenye kabureta mbili za kuchanganya hewa na mafuta, aina waliyokuwa wakikimbiza kwenye mashindano ya safari wakati baba akiwa kijana. Rangi yake ya machungwa ilikuwa imefifia ikawa kama embe lililoiva kupita kiasi. Baba alilizunguka polepole. Alipofungua boneti na kuona zile kabureta mbili, alivua kofia.

"Hii ni gari ya mbio," Mzee Marwa akamwambia. "Wewe Jaluo wa mahindi, unakimbilia wapi?"

"Ninakimbilia bibi," baba akasema, na wale wakulima wote wakacheka hadi wakashika magoti.

Walielewana. Lakini baba alipokwisha kupewa ufunguo, Mzee Marwa aliingia ndani ya gari, akazungusha kile kirungu cha gia mpaka kikang'oka, akakitia mfukoni mwa koti lake. Baba akashangaa. Yule mzee akashangaa kwamba baba anashangaa. "Ng'ombe akienda, kamba inarudi nyumbani," alieleza, kwa upole wa mtu anayefundisha mtoto. Kwao, na hata kwetu, muuzaji wa ng'ombe hakupi kamba yake, asije akakupa na baraka ya zizi lake. Basi gari nalo likauzwa kama ng'ombe. Baba hakubishana na jambo aliloliheshimu. Tukateremka kutoka Kegonga hadi Migori akibadilisha gia kwa kushika chuma kitupu kilichofungwa leso yangu, na kuku mmoja ambaye hakuna aliyemwona alijitokeza tulipofika Migori. Tulimrudisha wiki iliyofuata.

Huku chini gari likaanza visa. Lilikohoa, likarusha milipuko, likazima kwenye mzunguko wa soko watu wakitazama. Fundi wetu, kijana aliyeitwa Oti, ndiye aliyegundua. "Buda, hii imefungiwa mafuta ya kule juu," alisema. "Hewa ya Kegonga ni nyembamba. Huku hewa ni nzito, inataka mafuta mob, mengi kuliko kule." Hapo ndipo nilipopata kazi yangu. Ili kabureta mbili zifanye kazi pamoja, lazima zote zivute hewa sawasawa, na njia ya Oti ya kupima ilikuwa kipande cha mpira wa maji: ncha moja unaiweka kwenye mdomo wa kabureta, ya pili sikioni. Masikio ya Oti yalikuwa yameharibiwa na miaka ya nyundo, ya baba yalikuwa ya duka, ya kusikia bei tu. Wakanipa mimi.

Nakumbuka sauti ile vizuri kuliko nyimbo nyingi. Kabureta ya kwanza ilivuma kama mtu anayepuliza chai. Ya pili ilivuma chini kidogo, kama mtu huyo huyo akiwa amechoka. Baba alishika bisibisi, akageuza skrubu kidogo, akaniangalia. Mimi, nimepiga magoti juu ya ndoo, mpira sikioni, nikitikisa kichwa: bado. Anageuza tena. Bado. Kisha sauti mbili zikawa moja, injini yote ikatulia na kuanza kuimba, na baba akaangua kicheko ambacho sikuwahi kumsikia nacho dukani. "Nyathina," akasema, mwanangu, "wewe ndiye daktari wake." Nilitembea shuleni wiki nzima nikiwa nimevimba kichwa.

Kuanzia hapo, kila Alhamisi jioni baada ya kufunga duka tulikuwa chini ya boneti. Tulisafisha pointi za kuwashia moto kwa msasa, tukabadilisha plagi, tukaweka springi ngumu kwa ajili ya barabara ya murram ya Rangwe. Oti alichonga kirungu cha gia kutoka kwa mti wa mpera. Ekzosi aliyoipata ilikuwa imetengenezwa kwa ajili ya kitu kikubwa zaidi, nadhani lori, na gari likapata sauti nene ya kukoroma iliyosikika kutoka ng'ambo ya mto. Na jua halikutukuta tena. Baba aliweza kuuza hadi mteja wa mwisho wa Ijumaa, tukapita Rongo gari likiwa linanguruma, tukapinda pale njia panda ya Rodi, tukateremka kwa mama vivuli vikiwa bado havijarefuka sana.

Mama hakulipenda gari lile. Au ndivyo nilivyoamini, kwa sababu ndivyo alivyosema kila Ijumaa, akiwa amesimama mlangoni mwa nyumba za wafanyakazi, mikono kiunoni. "Baba Akinyi, hii ni gari ama ni poshomili? Wagonjwa wangu wanaamka wote! Watu watasema nimeolewa na makanga." Wauguzi wenzake walitoka nje kucheka. Baba alicheka nao, lakini nilimwona jinsi alivyokuwa akilitazama gari baadaye, kama mtu aliyemnunulia mkewe kitambaa kisichompendeza.

Ndipo akapanga kumfurahisha. Alhamisi moja yeye na Oti waling'oa ile ekzosi na kufunga silensa mpya, ndefu, ya heshima. Tulipowasha gari halikukoroma, lilinong'ona tu. Baba aliniapisha nisiseme neno, iwe ni zawadi.

Ijumaa hiyo tulichelewa kidogo kutoka, si sana. Jua lilikuwa limeshuka lakini lilikuwa bado na nguvu. Tulipita Rodi kimya kimya, baba akitabasamu peke yake, akifanya mazoezi ya kile atakachosema. Kisha, kabla ya kufika Rangwe, tukaona mwanamke kando ya barabara akitembea kwa haraka kuja upande wetu. Alikuwa amevaa nguo ya Sabato, ile ya samawati, na viatu ameshika mkononi ili atembee upesi. Alikuwa amefika mbali na nyumbani. Hakututazama hata kidogo. Gari lilipita kando yake naye akaendelea kutazama mbele, kule tulikotoka.

Alikuwa mama.

Baba akafunga breki, akatoka na ile hotuba yake. "Min Akinyi! Umeona vile imetulia?" Mama aligeuka, akamwangalia, akaliangalia gari, akaniangalia mimi dirishani. Alifungua mlango wa nyuma, akaingia, akanivuta nikaruka kiti nikaangukia kwake, akanishika kwa nguvu hadi mbavu zikaniuma. Moyo wake ulikuwa unapiga kama wa mtu aliyekimbia. Alikuwa na vumbi la murram hadi magotini.

Tuliingia nyumbani jua likiwa linagusa mlima. Tulipopiga magoti kufungua Sabato, mama ndiye aliyeomba, akafika katikati ya sala akashindwa. Baba akaimalizia. Kesho yake hakuna aliyelizungumzia, maana Sabato si siku ya kuzungumzia ekzosi. Jumapili asubuhi, tukiwa tunapakia mizigo, mama akasema huku akifunga chakula chetu, bila kumtazama baba: "Baba Akinyi, rudisha ile kelele."

"Si ulisema..."

"Nilisema. Rudisha." Akafunga fundo la leso, akalifungua, akalifunga tena. "Mimi huwasikia mkiwa bado Rodi. Nikiwasikia najua mko wazima, nakaa chini. Juzi jua lilishuka na sikusikia kitu. Nilijua mmeanguka."

Baba akaitika. Silensa ya heshima ikatolewa wiki hiyo hiyo, na mama akaendelea kulalamika kuhusu poshomili hadi wagonjwa wake wakazoea. Nami nikaendelea kuwa daktari wa kabureta, na nikiri kwamba zile Ijumaa ndizo furaha kubwa kuliko zote nilizowahi kupata. Vijana walikuja kutoka Kisumu kulitaka gari lile. Wakapiga picha, wakapiga magoti kutazama chini yake, wakambembeleza baba. Aliwakaribisha chai na kuwakatalia wote.

Kisha mama akapewa uhamisho. Alihamia Migori, nyumba moja nasi, na sufuria zake zote. Ugali ukawa mlaini pande zote. Na kabla hajamaliza kupanga vyombo, baba alimwita mmoja wa wale vijana na kuliuza gari. Aliupeleka ufunguo nje, wakapeana mikono, yule kijana akaondoka nalo likikoroma. Baba alikizuia kirungu cha mpera, kwa adabu ya Kikuria, kisha akaingia ndani akauliza kama chai imeiva. Mimi nilisimama barabarani nikilia hadi nikawa siisikii tena ile sauti. Sikuweza kuelewa. Mtu aliyekesha na gari mikononi, aliyelipenda kuliko duka lake, analiachaje hata bila kulitazama linavyopinda kona?

Nilikuja kumwuliza nikiwa mtu mzima, nina kazi yangu, naye akiwa amestaafu, tumekaa nyumbani kwetu Kosele. "Baba, kwa nini uliuza ile gari?" Alinitazama kama aliyeulizwa kwa nini mtu huvua koti akiingia nyumbani.

"Nyathina, ningeenda nayo wapi?" akasema. "Mama yako si alikuwa amefika?"

Wote wawili sasa wamelala pale Kosele, mmoja kando ya mwenzake. Mwaka jana mtu alinionyesha 160J inayouzwa, safi, kabureta mbili. Niliomba kipande cha mpira, nikainama, nikasikiliza. Zilikuwa zinavuta sawasawa. Mwenye gari akaniambia naweza kulichukua hata siku hiyo, na mikono yangu ililitaka, Mungu anajua. Lakini ilikuwa Ijumaa, jua limeanza kushuka, nami nikatambua kwamba hakuna mtu popote aliyesimama akisikiliza kama nimefika Rodi. Nikamrudishia mwenyewe ufunguo, nikatembea kwenda nyumbani polepole, maana sikuwa na pa kuwahi.